Mjadala: Boti za machweo kwenye vijiji vya Tonle Sap zizuiwe, au tatizo ni uendeshaji wake?

Upepo wa Kusi (mleta mada)

Wadau, mimi nasimama upande wa kuzuia, na nasema mapema ili nipingwe vizuri. Boti za watalii za jioni kwenye vijiji vya ziwa Tonle Sap, Kambodia, zisitishwe. Za asubuhi sina ugomvi nazo.

Kwa asiyelifahamu: ziwa hili liko kusini mwa Siem Reap, mji ambao wageni hufikia wakienda kuona mahekalu ya Angkor. Kiangazi huwa na ukubwa wa kilomita za mraba 2,500 hivi na kina cha kama mita moja. Mto mkubwa wa Mekong ukifurika, mto Tonle Sap unaouunganisha na ziwa hugeuza mkondo na kurudisha maji ziwani, basi ziwa hutanuka mara nne au tano na kina hupita mita 8. Ndiyo maana wakazi wana nyumba zinazoelea, au zilizopandishwa juu ya nguzo ndefu. UNESCO ililiingiza kwenye orodha ya hifadhi hai, yaani maeneo ambako viumbe hulindwa huku watu wakiendelea kuishi humo, mwaka 1997.

Shida yangu ni saa. Novemba na Desemba, msimu wa wageni wengi, jua huzama kama saa 11:35 jioni. Kila dereva anataka abiria wake wawe kwenye maji wazi dakika ishirini kabla ya hapo, kwa hiyo boti zote hupita kijijini ndani ya muda uleule mfupi. Huo ndio wakati watu wanaoga barazani, wanapika, na wavuvi wanatega nyavu za makila, zile zinazosimama majini na kumnasa samaki apitapo, zilale usiku kucha. Boti kubwa yenye injini ya gari ikipita kwa kasi hutoa wimbi linaloinua nyumba nzima. Sufuria inamwagika, kamba zinazofunga mianzi ya chini zinalegea, na wavu uliotegwa pembeni ya mkondo unakatwa na propela. Kisha zote hurudi gizani, nyingine bila hata taa ya mbele. Nani analipa wavu?

Kasia Mbili

Mkuu, wavu una haki yake, lakini umevitia vijiji vyote kwenye kapu moja. Chong Kneas, chini ya kilima cha Phnom Krom, kilomita 15 hivi kutoka mjini, kinaelea kweli na huhama kufuata maji. Kampong Phluk, kilomita 30 hivi kusini-mashariki, hakielei: ni nyumba za nguzo, na kiangazi unatembea chini yake kwa miguu na kuangalia paa la mtu juu kabisa. Kampong Khleang ni mbali zaidi na kikubwa zaidi, kina nyumba za nguzo na nyingine zinazoelea. Mechrey kiko upande wa magharibi, kidogo, kinaelea. Wimbi la boti unalolilalamikia halimwagi sufuria ya mtu wa Kampong Phluk aliye juu ya nguzo.

Na pesa tuiseme. Kampong Phluk mgeni hulipa tiketi ya boti karibu dola 20, halafu akitaka kuingia msitu uliofurika maji hulipa dola 5 hivi za mtumbwi wa kasia. Hiyo mitumbwi wanapiga kasia wanawake wa kijiji, kwa zamu. Ukifuta jioni unafuta zamu zao nyingi za siku. Isitoshe, kuanzia tarehe 1 Juni hadi 30 Septemba uvuvi wa kati na mkubwa umefungwa eneo lile kisheria. Familia itakula nini?

Mshipi

Dada Kasia, hoja ya zamu naikubali. Hoja ya kufungwa kwa uvuvi imepishana na kalenda. Wageni hujaa Novemba hadi Februari, wakati uvuvi umeshafunguliwa na ndipo samaki wengi hutoka ziwani maji yakianza kushuka. Juni mpaka Septemba Siem Reap ina wageni wachache. Utalii hauzibi pengo la msimu uliofungwa. Unakuja palepale mvuvi anapohitaji mkondo uwe wazi. Hapo mleta mada amegusa penyewe.

Halafu sheria ya kufunga uvuvi haizuii mvuvi mdogo wa familia kutafuta kitoweo. Tusiwafanye watu wa ziwa waonekane wanakaa miezi minne bila kula.

Fundi Shafti

Nyote mnabishana juu ya saa na hamjagusa mashine. Wimbi linatokana na mwendo, uzito na kina cha maji. Boti ya watu 20 yenye injini ya gari na shafti ndefu (chuma kinachozungusha propela), ikipita mkondo wenye maji ya mita moja na nusu, inavuta maji nyuma yake na kuyarudisha kwa nguvu ukingoni. Ileile ikipunguza mwendo hadi ule wa mtu anayetembea kwa haraka, wimbi karibu linakwisha. Kwa hiyo sheria ya kwanza isiwe marufuku, iwe mwendo: kupunguza kabla ya nyumba ya kwanza na kutoongeza mpaka nyumba ya mwisho ipite. Mgeni anaweza kumwambia dereva hilo kwa ishara ya mkono tu, na atatii, maana anayelipwa kwa safari haongezi mapato kwa kukimbia. Anakimbia kwa sababu abiria amechelewa kutoka hotelini.

Hapo ndipo penye kosa. Anayetaka machweo ya Kampong Phluk aondoke mjini saa 8 mchana, si saa 10. Tuktuk hutumia karibu saa nzima. Kukata tiketi na kupanda boti, mkondo wa kuingia, kijiji, nusu saa ya mtumbwi msituni, kisha kutoka maji wazi. Ukihesabu nyuma kutoka saa 11:35, saa 8 haina dakika ya ziada. Juni na Julai jua huzama karibu saa 12:25, unapata nafasi zaidi, lakini mwezi Juni maji bado ni haba.

Na yanayoharibika, niyaseme kwa kuwa mabango hayasemi:

Machi hadi Mei mkondo ni tope. Shafti inakwaruza chini, dereva anainua propela, boti inapoteza usukani na kukwama kwa mshazari, zinazofuata zinajipanga nyuma. Hapo usitegemee kufika kwenye machweo. Msitu nao umekauka, mitumbwi haifanyi kazi.

Magugu maji hujizungusha kwenye propela. Dereva mzuri huzima injini, hurudisha nyuma kwa mkono na kukata kwa kisu. Dereva mwenye haraka huongeza mafuta, na pini ya propela inakatika. Gizani, bila pini ya akiba, mnavutwa na boti nyingine.

Kubwa kuliko yote ni paa. Boti nyingi zina sehemu ya kukaa juu, na jua likigusa maji abiria wote hukimbilia upande mmoja na simu zao. Uzito ukiwa juu na upande mmoja, boti ya mbao yenye tumbo bapa haihitaji dhoruba ili ipinduke. Watu wakae chini, wagawane pande mbili, na jaketi okozi zivaliwe, zisikaliwe kama mito. Mei hadi Oktoba, wingu jeusi likisimama mchana, ghairi. Ziwa lenye kina kifupi hupandisha mawimbi mafupi makali ndani ya dakika chache tu za upepo.

Upepo wa Kusi

Fundi, nakushukuru, na bado umenisaidia mimi. Sheria inayotegemea mgeni kuinua mkono haisimamiwi na mtu. Saa inasimamiwa na mkata tiketi gatini: baada ya saa fulani hakuna tiketi, basi. Hilo linawezekana kesho asubuhi.

Bi. Hesabu

Samahani, mmeruka jambo ambalo linaharibu sifa ya safari hizi kuliko wimbi. Chong Kneas hasa: boti inasimama dukani, mgeni anaambiwa shule ya mayatima haina mchele, gunia liko hapa, bei ni mara kadhaa ya ile ya sokoni. Akikataa anaonekana katili mbele ya watoto. Mchele ukinunuliwa, hakuna anayejua kama unaliwa au unarudi rafuni kumngoja mgeni wa boti ijayo.

Cha kufanya ni rahisi. Kabla ya kulipa uliza kwa maneno haya: je, boti itasimama dukani au shuleni? Ikisimama shuleni, usishuke. Darasa si mahali pa wageni kuingia, hata kwao hata kwetu. Mtoto mwenye nyoka shingoni anayepigwa picha kwa dola moja, usimpe: dola hiyo ndiyo inayomtoa shule. Ukitaka kuchangia, lipia mtumbwi wa kasia na mpe mpiga kasia bakshishi mkononi, kwa noti ndogo. Rieli 4,000, pesa ya Kambodia, ni karibu dola moja, na noti ya dola iliyochanika hata kidogo hukataliwa.

Haya hutokea asubuhi vilevile, Bwana Upepo. Saa yako haiyagusi.

Nguzo Ndefu

Naomba niingie kwa upande usiopendeza. Watu wengi miongoni mwa wanaokaa kwenye nyumba zinazoelea kweli ni wenye asili ya Vietnam, na wengi wao hawana karatasi za uraia. Bila karatasi hununui ardhi, na bila ardhi unaelea. Juni 2021 mamlaka za Phnom Penh, mji mkuu, ziliamuru nyumba zinazoelea karibu na mji ziondolewe, na miongoni mwa sababu zilizotajwa ni uchafu na sura ya mji. Kampong Chhnang nako, kusini mwa ziwa, familia zinazoelea zilihamishiwa nchi kavu.

Kwa hiyo mnaposema vijiji vipumzishwe na wageni, jiulizeni mamlaka itasikia nini. Kijiji kinacholeta tiketi kina sababu ya kuachwa. Kisicholeta kitu ni uchafu tu wa kuondolewa. Sisemi utalii unawalinda watu hawa, maana mwenye kibali cha gati si wao. Nasema msitupe hoja hewani bila kuangalia itamwangukia nani.

Mshipi

Nguzo, hilo la uchafu lijibiwe kwa kitu. Vyoo vingi huko vina tundu linaloenda moja kwa moja ziwani, na maji hayohayo huchotwa. Kuna njia iliyojaribiwa palepale Tonle Sap: chini ya choo kunawekwa pipa la kuozesha, kisha maji yanapita kwenye mizizi ya magugu maji kabla ya kutoka. Mmea unaokwamisha propela za Fundi ndio unaosafisha. Sehemu ya tiketi ya dola 20 ikienda huko, hoja ya uchafu inapungua makali. Kwa sasa hakuna mgeni anayeonyeshwa dola zake zimegawanywaje, na mgao huo ubandikwe gatini kabla hatujafika kwenye marufuku.

Kasia Mbili

Hapo Mshipi umenena. Na tusisahau maji yenyewe. 2019 na 2020 mkondo wa kurudi ziwani ulichelewa na kuwa dhaifu, wavuvi wakaumia kuliko wanavyoumizwa na boti yoyote ya machweo. Mabwawa ya juu ya Mekong na uchimbaji wa mchanga ndiyo mambo makubwa.

Upepo wa Kusi

Dada, ukubwa wa bwawa haumpi dereva ruhusa ya kukata wavu. Wavuvi wakiwa na samaki wachache, wavu mmoja uliokatwa unauma zaidi, si pungufu.

Nalegeza msimamo wangu hivi. Anayetaka kijiji aende asubuhi, boti saa 1, maji yametulia na mitumbwi haina foleni. Anayetaka machweo apande Phnom Krom: kilima cha mita 140 hivi, juu yake pana hekalu la kale, na ziwa lote liko mbele yako. Hakuna wavu unaokatwa.

Bi. Hesabu

Phnom Krom wanakagua tiketi ya Angkor. Ya siku moja ni dola 37, ya siku tatu 62. Mwenye tiketi ya siku tatu haongezi kitu, sawa. Asiyekuwa nayo atalipa karibu mara mbili ya boti ili aone jua lilelile, na hakuna hata senti moja itakayofika kwa mpiga kasia.

Fundi Shafti

Basi gati lifungwe saa 10:15 kwa Novemba hadi Januari. Anayefika baada ya hapo anauziwa tiketi ya kesho. Boti ya mwisho inapita kijijini bila kukimbia, inawahi machweo, na inarudi wakati bado kuna mwanga wa kuona maboya ya nyavu. Baada ya jua kuzama kuna kama dakika 20 za mwanga, na mkondo wa Kampong Phluk kwa mwendo wa polepole ni zaidi ya hapo, kwa hiyo hata hivyo taa ya mbele ni lazima. Mleta mada, unapinga lipi kati ya hayo?

Upepo wa Kusi

Napinga hilo la taa kuachiwa dereva. Isiyo na taa isipewe abiria kuanzia saa 9 alasiri. Ukikubali hilo, saa 10:15 naichukua, kwa Kampong Phluk tu. Kwa Chong Kneas, ambako nyumba ziko juu ya maji yenyewe, bado nasema asubuhi.