Mume kanitangulia mahakamani, nimezuiwa kukanyaga nyumbani. Nikate rufaa?

MamaDagaa
Habari zenu wakuu. Niko Kibirizi, Kigoma. Nanunua dagaa kwa wavuvi, naanika, nauza kwa wanaosafirisha. Mume wangu alinipiga hadi nikashonwa juu ya jicho. PF3 (fomu ya polisi ya matibabu) ninayo, na Dawati la Jinsia la polisi wana maelezo yangu. Nikaenda kwa shangazi Ujiji nipumue kidogo, kumbe mwenzangu huku nyuma kafungua shauri la talaka na kuomba amri ya muda: nisifike nyumbani, nisiguse chochote, eti mimi ndiye mkorofi na nitaharibu mali. Amri imetoka bila mimi kuitwa.

Chanja zangu za kuanikia, mizani na magunia viko uani kule, na giza (siku zisizo na mwezi) limeshaanza, wavuvi wanatoka kila usiku. Jirani ananiambia nikate rufaa Mahakama Kuu. Msaada tafadhali.

Mwanga_Boy
Rufaa ya nini, nyumba si yenu wote? Ingia uchukue vitu vyako.

KaraniMstaafu (Tabora)
MamaDagaa mwanangu, huyo kijana usimsikilize. Amri hata kama ni mbovu inatiiwa mpaka iondolewe. Ukiingia, mumeo atarudi kwa hakimu na sura ya mtu aliyeonewa, na wewe unaweza kufungwa kama mfungwa wa madai hadi miezi 6. Atakuwa amekupiga mara mbili.

Na rufaa nayo siyo njia. Nilikaa masjala miaka mingi, watu wanakuja na rufaa za amri za muda, zinatupwa, muda umekwenda. Tangu marekebisho ya 2002, uamuzi mdogo usiomaliza shauri haukatiwi rufaa wala mapitio. Rudi kwa hakimu yuleyule aliyeitoa. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Amri ya XXXVII (hilo ni jina la sehemu ya kanuni zake, siyo amri uliyopewa), inamruhusu yeyote asiyeridhika kuomba zuio liondolewe au lirekebishwe. Unapeleka maombi pamoja na kiapo cha maandishi, na hati ya dharura ili yasikilizwe upesi. (Nachukulia ni mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi. Ikiwa ni ya mwanzo, sheria hiyo haitumiki kule, uliza kwa karani wao.)

Kwenye kiapo usilie, eleza. Siku uliyopigwa, PF3 iambatanishwe, nani alikushona. Sema hukupewa taarifa, maana kwa kawaida upande wa pili huitwa kwanza, isipokuwa kuchelewa kungeharibu lengo la maombi. Kisha hayo magunia: wewe ndiye unayepata hasara isiyofidika kwa urahisi. Mahakama zetu tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969, zinapima kama kuna hoja ya kuamuliwa, kama kuna hasara isiyolipika, na nani ataumia zaidi. Jibu hayo matatu.

Swali: mlishafika baraza la usuluhishi wa ndoa?

MamaDagaa
Hapana mzee. Sijawahi kuitwa popote.

KaraniMstaafu (Tabora)
Basi hapo ndipo pa kukaba. Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka hati ya baraza kuwa usuluhishi umeshindikana kabla ya kufungua talaka, ukiondoa mazingira machache. Kama hana hati wala sababu, weka pingamizi. Shauri likianguka, amri iliyoning'inia juu yake inaanguka nalo.

Likibaki, omba na wewe amri yako. Kifungu cha 139 cha sheria hiyohiyo ya ndoa kinampa hakimu uwezo wa kumzuia mwanandoa kumsumbua mwenzake shauri likiendelea. Na kipigo ni jinai, kifungu cha 66 kinasema wazi hakuna mwenye haki ya kumwadhibu mwenzi wake kwa kumpiga. Hiyo haisubiri talaka.

Shangazi_Gungu
Dada, kama huna hela ya wakili, uliza ofisi ya ustawi wa jamii wakuonyeshe wasaidizi wa kisheria. Msaada wao ni bure kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017.

MamaDagaa
Asanteni. Na chanja je? Giza halinisubiri.

KaraniMstaafu (Tabora)
Liweke ombi mbadala humohumo: amri ikibaki, irekebishwe uruhusiwe kutoa vifaa vya kazi mbele ya mwenyekiti wa mtaa. Andika orodha, kimoja kimoja, hata kamba za kufungia magunia.