Kilimia huku Mbeya: kitazamwe lini na upande gani?

mahindi_uyole: Wakuu, wahenga walipanga kilimo kwa Kilimia, kile kishada cha nyota. Huku kwetu nikitazame lini? Na ule usemi wa "kikizama kwa jua huzuka kwa mvua" unafaa?

nyota_kusini: Katikati ya Novemba, saa 2:30 usiku. Elekea mashariki, geuka kidogo kushoto. Ni kishada cha nyota 6 zilizobanana. Vidole viwili vya mkono ulionyooshwa vinakifunika. Usikichanganye na umbo la V lililo chini yake lenye nyota moja nyekundu. Kama mlima unaziba mashariki, ongeza saa nzima. Mbalamwezi nayo hukifubaza.

Usemi ni wa pwani, kwenye vuli na masika. Huku msimu wa mvua ni mmoja: Kilimia huzama magharibi mwanzoni mwa Mei, huzuka alfajiri Juni, kipupwe kikavu. Sasa hapo upande nini? Cha kwetu ni kile kinachoonekana mashariki jioni Novemba.

mwandamo: Nyongeza. Miezi 12 ya mwandamo ni siku 354, pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi, ndiyo maana kalenda ya mwezi peke yake humpotosha mkulima. Wababeli, watu wa kale wa Iraki ya leo, walitazama Kilimia kinapokutana na mwezi mchanga: kikikutana nao tarehe 1 ya mwezi wa kwanza, mwaka ni wa kawaida; kikikutana nao tarehe 3, waliongeza mwezi wa 13.

mahindi_uyole: Kwa hiyo kikionekana jioni nipande?

nyota_kusini: Hapana! Andaa shamba na mbegu. Kupanda subiri udongo ulowe.