Kameramani wa filamu huru Bagamoyo: anunue kamera au awe anakodi?

KijanaWaDunda: Shikamooni wakubwa. Nimepiga harusi miaka minne hapa Bagamoyo na kuna akiba kidogo. Nataka kuingia kwenye filamu huru. Ninunue kamera ya sinema ya mtumba, au nikodi Dar kazi ikitokea?

MzeeWaTaa: Marahaba. Kodi, mwanangu. Kamera hupitwa na wakati upesi, lenzi nzuri hudumu. Mimi nilinunua kamera kwa mkopo, nikaulipa kwa harusi zilezile nilizotaka kuziacha. Nunua lenzi na kichujio cha kupunguza mwanga. Saa sita mchana ukipiga fremu 25 kwa sekunde na shata ya 1/50 ya sekunde, tundu la lenzi likiwa wazi, bila kichujio picha yote inakuwa nyeupe.

SautiYaUfukwe: Shikamoo mzee, lakini hapo sikubaliani nawe. Ukikodi Dar kuna nauli, dhamana, na siku zinahesabiwa. Mwigizaji akiugua au masika yakishuka, hela imekwenda. Mwenye kamera yake anasubiri. Bahari yetu iko mashariki, jua linatoka majini, na ule mwanga laini hauchukui muda kuwa mkali. Nilirudi ufukweni asubuhi tatu kwa ajili ya ngalawa moja tu. Picha hiyo ndiyo iliyonipa kazi iliyofuata.

MzeeWaTaa: La kusubiri nakubali. Basi akinunua, aifute chumvi kila jioni, na lenzi asizifungie kwenye begi lenye unyevu, zitaota fangasi.

DadaKlapa: Mdogo wangu, kamera ya harusi si unayo? Anza nayo. TaSUBa, chuo cha sanaa, iko hapohapo, wanafunzi wa uigizaji wamejaa, pigeni filamu fupi ya dakika nane. Mwongozaji akitafuta mpiga picha anatazama nyuso umeziangazaje. Na hapo harusi zimekufundisha: shela jeupe linaidanganya kamera, uso wa bibi harusi unakuwa giza. Kama umezoea kupima mwanga usoni kwanza, ufundi huo wengi hawana, na ngozi zetu zinauhitaji sana. Mkitaka kupiga magofu ya Kaole, ombeni kibali mapema.

KijanaWaDunda: Dada, uso huwa naupima kwanza, sikujua kama ni mtaji. Basi nanunua lenzi ya milimita 50 na kichujio, kamera kubwa nitakodi nikipata hadithi inayoidai. Jumatatu naenda TaSUBa kutafuta waigizaji wawili. SautiYaUfukwe, ile ngalawa uliipiga ukiwa umesimama upande gani?

SautiYaUfukwe: Majini, maji yakiwa magotini. Stendi ya kamera ioshe kwa maji yasiyo na chumvi ukirudi.