Papiri zisizojulikana zilikochimbwa: zisomwe au ziachwe?

Mleta mada:
Maisha ya mkulima wa Misri chini ya Roma tunayajua zaidi kwa papiri, yaani karatasi za mafunjo: stakabadhi za kodi, mikataba ya kukodi mashamba, mashtaka ya jirani dhidi ya jirani. Nyingi hazikufukuliwa na wanaakiolojia. Wakulima wa Fayum, bonde lililo magharibi ya Nile, walizikuta wakichota sebakh, udongo wa magofu unaofaa kwa mbolea, wakawauzia madalali. Misri ilipiga marufuku biashara ya mambo ya kale kwa Sheria Na. 117 ya mwaka 1983. Msimamo wangu: papiri inayoibuka sokoni leo bila hati za kuonyesha ilitoka Misri kihalali isichapishwe na mtaalamu yeyote. Akishaitambua, bei inapanda, na anayechimba usiku anarudi na jembe lake.

Tazameni Karanis, kijiji cha kale cha Fayum. Chuo Kikuu cha Michigan kilichimba pale kuanzia 1924 hadi 1935, nyumba kwa nyumba, tabaka kwa tabaka. Katika nyumba iliyopewa alama B17 zilitoka karatasi za mkusanya kodi aitwaye Socrates, pamoja na kipande cha tamthilia ya Menander, mwandishi wa Kigiriki. Kwenye daftari la kodi la kijiji hichohicho, la miaka ya 171 hadi 174 BK, kuna jina la Kimisri lililotafsiriwa kwa neno adimu sana la mshairi wa Kigiriki Callimachus. Bila ile nyumba tungedhani karani alibahatisha. Nyumba inatuonyesha kwamba fasihi ya Kigiriki ilisomwa na watoza kodi wa kijijini. Dalali angeuza karatasi za kodi kwa mnunuzi mmoja na Menander kwa mwingine.

Mchangiaji wa pili:
Mkuu, kuhusu B17 sina ubishi. Lakini Nemesion je? Huyu alikusanya kodi ya kichwa katika kijiji cha Philadelphia, Fayum, karne ya kwanza. Karatasi zake zilinunuliwa, zikasambaa katika maktaba za nchi mbalimbali. Ziliunganishwa tena kwa mwandiko, kwa majina ya walipaji yaliyofuatana na ya baba zao, na kwa matumizi ya upande wa nyuma: nyuma ya daftari lake moja la kodi imenakiliwa barua ya mfalme Claudius kwa watu wa Alexandria.

Na zinasema nini? Mwanaume wa kijiji cha Fayum alilipa takriban drakma 40 kwa mwaka, tangu umri wa miaka 14 hadi 60 na ushei. Wa makao makuu ya wilaya alilipa nusu yake. Kuna orodha za waliotoroka. Wakati wa mfalme Nero, wakusanya kodi wa vijiji sita walimwandikia gavana Balbillus kwamba vijiji vimebaki vitupu: wengine wamekimbia, wengine wamekufa bila warithi. Walilia kwa sababu pengo lilidaiwa kwao wenyewe. Sheria yako ingetunyima yote haya.

Mleta mada:
Isingewanyima. Zile zilinunuliwa zamani, kabla ya 1983. Nazungumzia za leo.

Mchangiaji wa tatu:
Ndugu zangu, tutenganishe aina za karatasi. Stakabadhi ya kazi ya shokoa kwenye mitaro, siku tano kwa mwaka, ina mistari michache tu, lakini ndani yake mna mwaka wa utawala, kijiji na mfanyakazi, na mara nyingi jina la mfereji. Inajitambulisha. Barua ya mama kwa mwana askari, isiyo na tarehe wala mahali, ikipoteza shimo ilimotoka imepoteza nusu ya maana.

Kisha kuna Delta ya Nile. Unyevu umekula karibu kila kitu huko, zimebaki hasa karatasi zilizoungua zikawa mkaa, kama zile za mji wa Thmouis. Tukisema "mkulima wa Misri" mara nyingi tunamaanisha wa kingo kavu za Fayum. Kipande kutoka Delta kikija sokoni, nani atathubutu kukigeuzia mgongo?

Mleta mada:
Mimi. Kwanza, utajuaje ni cha Delta, ikiwa neno la muuzaji ndilo ushahidi pekee? Pili, karatasi tupu za kale zipo, na wino wa masizi hutengenezeka jikoni, hivyo kughushi ni rahisi. Kupima umri wa karatasi hakusemi lini imeandikwa. Kipande kilichotangazwa mwaka 2012 kuwa kinamtaja mke wa Yesu kilipita vipimo vya aina hiyo, na kilichokiangusha ni lugha yake na uchunguzi wa alikotoka muuzaji.

Mchangiaji wa tatu:
Basi napendekeza utaratibu. Ipigwe picha pande zote mbili, umiliki uhamishiwe Misri kwa maandishi, ndipo isomwe. Mnunuzi asirudishiwe hata senti.

Mleta mada:
Kwa sharti hilo la mwisho, nakubali. Likiondolewa, narudi nilipoanza.