Naomba ushauri: riwaya yangu inatakiwa kufanywa filamu

Wakuu, habari za wakati huu. Mimi ni mwandishi wa riwaya, nipo Dar. Kijana mmoja anayetengeneza filamu kwa fedha zake anaitaka riwaya yangu ya pili. Ananipa njia mbili: nimuuzie haki moja kwa moja, au niandike muswada wa filamu mwenyewe nilipwe asilimia ya mapato. Kazi zake nimeziona, ana jicho.

Moyo unataka niandike. Ousmane Sembène wa Senegal alikuwa tayari na jina kwenye vitabu alipokwenda Moscow kusomea sinema mwanzoni mwa miaka ya 1960, maana watu wake wengi hawakujua kusoma. Filamu yake Mandabi ya 1968 aliitoa kwenye kitabu chake mwenyewe, wahusika wakaongea Kiwolofu. Hilo ndilo linanivuta. Mama yangu mdogo kule Kilwa hasomi, ila filamu ataitazama. Nimeshajaribu kuandika onesho la kwanza la muswada: kurasa nzima za mawazo ya mjane kwenye riwaya zimebaki mikono yake ikichambua mchele.

Kinachoninyima usingizi ni mkataba. Umeandikwa "haki zote, milele", kwa hiyo hata tamthilia ya televisheni inakwenda humo humo. Na hiyo asilimia, ni kabla ya kutoa gharama au baada? Hausemi.

Mliopitia haya, mliweka ukomo wa miaka mingapi? Muswada niusajili COSOTA (Ofisi ya Hakimiliki Tanzania) kabla ya kusaini? Na malipo ya awali mliombaje bila kumkatisha tamaa mtu mwenye bajeti ndogo?