Tupeane uzoefu: safari ya siku moja, asubuhi soko ya mtoni, mchana habari za vita

Mwana Katuba (Lubumbashi)

Bandugu na badada, jambo yenu. Nafungua mazungumzo haya kwa sababu naona watu wa kwetu wengi wanaenda Bangkok kwa biashara, mawe, nguo, na siku ya mwisho kabla ya ndege hawajui wafanye nini, mtu wa otela anawapa karatasi ya safari ya siku moja, soko ya juu ya maji na daraja ya vita pamoja, magaribi umerudi. Mimi niliichukua mwaka jana na mpaka leo haijanitoka. Naandika yangu, halafu kila mtu alete yake, hata kama si Thailand, ilimradi ilikuwa soko ya mtoni na vita mu siku moja.

Walitupakia saa kumi na mbili asubuhi, kamini ndogo ya watu kumi. Kama kilometa mia moja hivi unafika Damnoen Saduak. Ule si mto hasa, ni mfereji, ulichimbwa wakati wa mfalme Rama IV ukaisha 1868, kilometa 32, unaunganisha mito miwili, Mae Klong na Tha Chin. Wanakuweka mu mtumbwi mrefu wenye moteri ya gari nyuma, kelele yake hata mwenzako humsikii. Halafu unaingia mahali mitumbwi imebanana mpaka ungeweza kuvuka kwa miguu, bamama wamevaa kofia za majani, huyu ana maembe, huyu ana ndizi, na mmoja nilimtazama muda mrefu, jiko iko katikati ya magoti yake, anapika supu ya tambi palepale, anakupa bakuli, unakula, unamrudishia, anasafisha, anaendelea, na mtumbwi hata hautikisiki. Nimekulia soko ya Kenya, ile ya hapa Lubumbashi, mama yangu aliuza unga pale miaka mingi, najua mwili wa mama mwenye kukaa chini siku nzima. Wali wa kunata na embe na tui ya nazi, usiache kuula, hilo tu nakwambia.

Lakini ukweli, soko ile siku hizi ni ya wageni zaidi. Biashara yenyewe ilihamia barabarani tangu barabara zijengwe. Tulikaa pale masaa mawili na zaidi, na nusu ya muda ilikwenda mu maduka ya nchi kavu ambayo sisi hatukuomba. Hapo njo kosa ilianzia juu mchana ulibaki mfupi.

Kanchanaburi tulifika jua limeshapinda. Kwanza makaburi. Yanaitwa makaburi ya vita ya Kanchanaburi, watu 6,982, Waingereza, Waaustralia na Waholanzi, majani yamekatwa vizuri, kila mmoja ana kibao chake chini, jina, umri, na neno la familia. Ukianza kusoma umri unashindwa kuendelea. Miaka 22. Miaka 24. Hao walikuwa wafungwa wa Wajapani mu vita ya pili ya dunia, walijengeshwa njia ya treni kutoka Ban Pong mpaka Thanbyuzayat kule Birmania (Myanmar), kilometa 415, ilianza 1942 na mwezi wa kumi 1943 reli zikakutana. Mwaka mmoja na kidogo, msituni, mu milima, mu mvua, kipindupindu, njaa, fimbo. Wafungwa walikuwa kama 60,000 na zaidi ya 12,000 walikufa.

Nikamuuliza yule kijana aliyekuwa anatuongoza, ni wazungu peke yao walijenga? Akatulia. Akasema hapana, wengi walikuwa watu wa Asia, Watamili kutoka Malaya, Wajava, Waburma, zaidi ya laki mbili, na waliokufa wanakadiriwa kufika 90,000. Nikamuuliza beko wapi basi, majina yao iko wapi? Akanionyesha kwa mkono upande wa reli, akasema wengi wamelala kandokando ya njia, hawana vibao.

Bandugu, mimi baba ya kambo yangu, yaani baba wa babu yangu, mu vita ya kwanza ya dunia alichukuliwa kubeba mizigo ya askari wa Force Publique, jeshi la Wabeljiki la Congo, kwenda Tabora. Tabora iliangushwa tarehe 19 mwezi wa tisa 1916, hiyo tunaisoma mu kitabu, na jina la jenerali tunalijua, Tombeur. Wabebaji mu vita ile yote wanahesabiwa kama 260,000. Huyu wetu hakurudi. Kambo alikuwa anasema tu «alibaki njiani», basi, nyumbani tulikua na neno hilo, alibaki njiani. Nilivyosimama pale kwenye majani ya watu wengine nikalielewa kwa mara ya kwanza.

Daraja ya reli ile tulipewa dakika ishirini. Lile la chuma bado treni inapita, unaweza kulitembea kwa miguu, treni ikija unasimama pembeni kwenye vituo vidogo. Angalia vyuma vya juu: vile vya mviringo ni vya zamani, vililetwa kutoka Java, na viwili vya katikati vyenye pembe viliwekwa baada ya vita juu mabomu ya 1945 yalivunja vya kwanza. Na mto wenyewe zamani hapo uliitwa Mae Klong, jina Khwae Yai waliupa 1960 juu wageni walikuwa wanakuja kutafuta mto Kwai wa ile filamu ya daraja.

Ushauri wangu, kama muna siku mbili gaweni. Kama muna moja, ombeni makaburi kwanza, asubuhi na mapema, soko baadaye. Wenye magari hawapendi lakini ukiomba mapema inawezekana. Haya, leteni zenu.

Mama wa Samaki (Goma, niko Lubumbashi)

Mudogo asante, nimesoma nikalia kidogo. Mimi ile ile safari niliifanya na wenzangu wawili wa biashara. Mimi nilitaka soko tu. Nilikuwa Goma mwezi wa kumi na moja 2012 wakati mji unaanguka, nimekimbia na batoto watatu na sufuria moja, sasa mtu anakuja kuniambia nilipe pesa niende kuangalia vita? Kwenye makaburi nikasema mimi nabaki ndani ya gari. Nikabaki. Joto ikanitoa. Nikaingia nikakaa chini ya mti karibu na wafanyakazi wanaotunza maua pale, mmoja mama wa umri wangu, anang'oa majani kati ya vibao moja moja kwa kidole, polepole, kama vile unatoa mawe mu maharagi. Hatukuwa na lugha. Akanipa maji. Mimi nikaanza kung'oa naye, mpaka wenzangu wakanitafuta.

Hiyo njo habari yangu. Sikusoma jina hata moja, lakini nilifanya kazi kwenye mstari mmoja mzima.

Kuhusu soko, musinunue kitu mu mtumbwi wa kwanza. Wanaandika bei kwenye kalkulateri, wewe andika nusu, cheka naye, usimkasirikie, ni mama mwenzako.

Mwana Bukavu

Mimi yangu ni Vietnam, nilikuwa kule kwa masomo. Safari ya siku moja kutoka mji wa Ho Chi Minh, asubuhi mashimo ya Cu Chi, mchana mto Mekong upande wa My Tho. Cu Chi ni mashimo ya chini ya udongo, zaidi ya kilometa 250, walianza kuchimba wakati wa vita na Wafaransa halafu wakaongeza sana wakati wa Wamarekani. Watu waliishi mule, hospitali mule, mikutano mule. Wageni wamepanuliwa kipande kimoja na bado mimi niliingia nimejikunja, baada ya mita kama thelathini pumzi ikaisha nikatoka kwenye tundu ya kwanza.

Jikoni njo iliniingia. Moshi haukutoka hapo hapo, ulipitishwa kwenye vyumba vyumba chini ya udongo mpaka unatoka mbali na mwembamba, na walipika alfajiri ili uchanganyike na ukungu, ndege isiuone. Sisi wa Bukavu tunaujua ukungu wa alfajiri ule wa ziwa, nikafikiri mama yangu angeielewa akili hiyo bila kufasiriwa.

Halafu mwisho wanakukalisha kwenye meza wanakuletea chakula ambacho wapiganaji walikula. Nikangoja. Ikaja MIHOGO ya kuchemsha na karanga za kutwanga na chumvi! Wazungu wanaangalia, wanaonja kidogo kwa uma. Mimi nikamaliza sahani yangu nikasukumiwa na za wengine. Yule mzee aliyekuwa anatuongoza akaniuliza kwenu mnakula hii, nikamwambia mzee, hii njo ilinisomesha. Akanishika bega. Toka hapo akawa ananieleza mimi kwanza halafu wengine.

Kitu ambacho sikukipenda, pale pembeni kuna mahali wageni wanalipa kupiga risasi za kweli. Unasikia bunduki wakati umo shimoni. Kwa mtu wa Kivu hiyo si mchezo, mikono ilinitetemeka, niliwaambia tu ukweli natoka wapi na mzee akatuondoa upande ule haraka. Mujue mapema kabla hamjaenda.

Mekong ya mchana ilikuwa peremende za nazi za Ben Tre na mitumbwi midogo, nzuri, lakini soko ya kweli niliiona wiki nyingine, Cai Rang, karibu na Can Tho. Pale kila chombo kinasimamisha mti mrefu na kuutundika bidhaa, nanasi juu, maana yake ndani nanasi, kabichi juu, kabichi. Unaona kutoka mbali bila mtu kupiga kelele. Nenda jua likichomoza tu, ukifika saa tatu wamebaki wachache.

Shofa wa Likasi

Naomba niongeze kwa Mwana Katuba. Ile reli ya Wajapani ilikuwa ya kupeleka silaha na askari kwenye vita ya Birmania, sivyo? Kwenye vita ile ile kulikuwa na hospitali ya askari wa Congo, na manesi wetu, ilifuatana na divizyo ya 11 ya Afrika Mashariki, watu wa King's African Rifles, jeshi la Waingereza, mpaka bonde la mto Chindwin. Kiswahili kilisemwa kule. Mmoja wao, mzee Albert Kunyuku, mfalme wa Wabeljiki alimvisha medali Kinshasa mwezi wa sita 2022, akiwa na miaka mia. Na uranium ya Shinkolobwe, hapa tu pembeni ya mji wetu, ilikwenda kutengeneza yale mabomu ya atomiki yaliyopigwa Japani 1945, vita ikaisha na wale wafungwa wakafunguliwa. Mtu akikuuliza pale darajani wewe Mkongomani unatafuta nini hapa, unayo ya kumjibu.

Mwana Katuba

Yaya Shofa, ya hospitali sikuijua. Ningeijua ningemwambia yule kijana.

Mwalimu wa Bukama

Batoto, munaenda mbali. Mimi niko mwalimu wa pansheni, na wageni wakifika Bukama huwa naitwa niwatembeze. Sina gari, tunatembea.

Asubuhi tunaanza kwenye mto Lualaba. Pirogi zinatoka upande wa maziwa ya Upemba, samaki ya moshi mu vikapu, mbichi mu mabeseni, bamama wa Lubumbashi wamelala palepale kungojea, wanapanga bei kabla pirogi haijagusa mchanga, na mwenye kushika kamba ya pirogi kwanza njo mwenye kuchagua kwanza. Hiyo hakuna karatasi imeandikwa, ni sheria ya maji. Bukama iko hapa kwa sababu hapa njo vyombo vinaanza kuteremka Lualaba, ndiyo maana vita ya kwanza ya dunia nayo ilipita hapa.

Mwaka 1915 Waingereza walileta maboti mawili ya vita, moja jina lake «Mimi», lingine «Toutou», kutoka Cape Town kwa treni mpaka Fungurume. Reli ikaishia pale. Kutoka Fungurume wakayavuta juu ya milima ya Mitumba, kwa mashini za mvuke na ng'ombe na mikono ya watu wetu, waliokata miti, wakajenga madaraja zaidi ya mia moja, mpaka Sankisia, halafu treni fupi mpaka Bukama. Hapa wakayashusha majini. Ilikuwa kiangazi, maji kidogo, waliyafunga mapipa chini ili yaelee juu zaidi. Kufika Kabalo wakapanda treni tena mpaka ziwa Tanganyika. Tarehe 26 mwezi wa kumi na mbili walikamata Kingani, meli ya Wajerumani, na mwezi wa pili 1916 wakaizamisha nyingine, Hedwig von Wissmann. Kapiteni anajulikana, Spicer-Simson. Maboti hata yana majina. Wale waliokata miti, mgeni akiniuliza walikuwa akina nani, namwambia tazama nyuma yako, wajukuu wao wanauza samaki.

Mama wa Samaki

Mwalimu shikamoo. Niko tayari kuja. Mama yangu ana miaka 71 anataka kuuona huo mto, ataweza?

Mwalimu wa Bukama

Marahaba mama. Ataweza. Mukuje kiangazi, mwezi wa saba, barabara ni kavu. Tutaanza mapema kabla ya joto, na yeye tutamtafutia kiti pale penye kamba za pirogi. Mukuje na beseni yenu.