MJADALA: Upasuaji wa mgongo uanzishwe Tanga, au tuanze na presha?

Raskazone: Wakuu, hoja ni hii. Mtu kaanguka mnazini Pangani au kapinduka na bodaboda Muheza, pingili (mfupa mmoja wa uti wa mgongo) imevunjika, miguu imepooza. Akihitaji upasuaji mkubwa wa mgongo, rufaa mara nyingi ni MOI, taasisi ya mifupa ya Muhimbili, Dar, kilomita kama 350 kutoka Tanga mjini. Naunga mkono wanaotaka huduma hiyo ianzishwe hapa mkoani. Ugwe mgongo, ile kamba ya neva inayopita ndani ya pingili, ukibanwa na mfupa hausubiri: mwongozo wa kimataifa wa 2024 unashauri ubano uondolewe ndani ya saa 24. Kutafuta ambulensi, mafuta na karatasi za rufaa kunazila saa hizo.

Chumbageni: Saa 24 nazikubali, mkuu, ila barabara ya Dar haimalizi siku nzima. Kinachoumaliza ugwe njiani ni presha ya damu kushuka. Mbele ya ugwe ipo ateri (mshipa unaoleta damu kutoka moyoni) moja tu. Nyuma zipo mbili nyembamba. Hiyo moja ya mbele inalisha theluthi mbili za ugwe, pamoja na njia za kuendesha miguu. Inaanzia juu shingoni na haiwezi kufika chini na damu ya kutosha, hivyo huongezewa na vijiateri vinavyoingia pamoja na mizizi ya neva. Jozi za neva ni 31, lakini vijiateri vinavyoifikia kwa nguvu ni kama 6 hadi 10 tu. Kifuani, kati ya pingili ya 4 na ya 8, malisho ni haba kuliko kwingine.

Sasa chukua mgonjwa mwenye presha 90/50. Wastani wa presha yake: 90 jumlisha 50 mara mbili, gawa kwa 3, ni 63. Miongozo ya 2024 inataka wastani usishuke chini ya 75 hadi 80 wala usipite 90 hadi 95, kwa siku 3 hadi 7. Kama usiku hakuna wa kupima kila robo saa, hicho chumba cha upasuaji kitamfaa nani?

Makorora: Niongeze upande wa wodini, maana hapa ndipo wengi wanapotelea. Aliyeumia shingo au juu ya pingili ya 6 ya kifua, neva za kukaza mishipa ya damu zimekatiwa mawasiliano: presha inashuka na mapigo yanakwenda taratibu, 50 au chini yake. Watu wanaona presha ndogo, wanamimina dripu juu ya dripu. Mapafu yanajaa maji, oksijeni inashuka, ugwe unakosa hata kile kidogo. Lita 1 hadi 2 zikishaingia na presha bado iko chini, anzisha noradrenalini, dawa ya kukaza mishipa ya damu, kwa pampu. Usimkalishe kitako. Weka katheta (mpira wa mkojo), pima mkojo kila saa. Mapigo yakikimbia 120, usiusingizie mgongo. Tafuta damu tumboni na kwenye nyonga kwanza.

Haya yote hayahitaji daktari wa upasuaji.

Raskazone: Sawa dada, lakini kwa nini iwe ama hiki ama kile? Pampu za dawa na skrubu za kuunga pingili vinaweza kuagizwa pamoja. Tuanze na mivunjiko ya chini ya kifua, ndiyo mingi kwa wanaoanguka.

Ngamiani: Ndiyo mingi, na ndipo penyewe pa kuogopa. Mivunjiko ya kuanguka hukusanyika kuanzia pingili ya 11 ya kifua hadi ya 2 ya kiuno. Ateri kubwa kuliko zote zinazoulisha ugwe, ile ya Adamkiewicz, kwa watu kama watatu kati ya wanne huingia kati ya pingili ya 9 na ya 12 ya kifua, na mara nyingi upande wa kushoto. Ukipita nyuma na kufunga skrubu, mishipa inayozunguka mwili wa pingili huigusi. Ukipita mbele kupitia kifuani lazima uifunge, na hapo kuna adabu yake: upande mmoja tu, michache iwezekanavyo, katikati ya mwili wa pingili, mbali na tundu la neva, kwa kuwa karibu na tundu ndipo mishipa inapopokezana damu. Anayeunguza kwa umeme pale tunduni anakata na njia za akiba. Mgonjwa anaamka miguu haichezi, hasikii sindano wala baridi, lakini ukimgusa anajua, na kidole gumba cha mguu ukikikunja juu au chini anakwambia. Hiyo ni ateri ya mbele imekufa.

Nyuma nako kuna vena, mishipa inayorudisha damu moyoni. Zile za ndani ya mfereji wa ugwe hazina vali za kuzuia damu kurudi nyuma. Mwanaanatomia Batson alizieleza mwaka 1940. Tumbo likibanwa na meza, damu inakimbilia mgongoni na jeraha linafurika. Mito iwekwe kifuani na nyongani, tumbo lining'inie. Na bado nitauliza: chupa 4 za damu za kundi lake zipo kabla hajalazwa mezani?

Usagara: Mnasahau kifua kikuu cha mgongo. Wengi wao hupona kwa vidonge. Kisu ni cha anayezidi kudhoofika miguu, au kibiongo kinachoendelea kukua. Msiwahesabu wote kuwa wateja wa chumba hicho.

Chumbageni: Na kitanda cha uangalizi cha siku 7 kitatoka wapi? Kile kile anachokisubiri mama mwenye kifafa cha mimba.

Ngamiani: Hapo ndugu yangu sikupingi, kwa majeraha ya kifua. Lakini kwa mtu mzima ugwe huishia pingili ya 1 au ya 2 ya kiuno. Chini yake ni mizizi tu, inavumilia zaidi, wala ule wastani wa presha wa 75 hadi 80 haudaiwi usiku kucha. Aliyevunjika pingili ya 4 ya kiuno, damu ipo na eksirei ya kutumia kwenye meza ya upasuaji ipo, mnampeleka Dar kufuata nini?